Kampung Baru: Ardhi na Wenyewe

KATIKATI ya Kuala Lumpur, mji mkuu wa Malaysia, upo mtaa uitwao Kampung Baru, maana yake Kijiji Kipya. Ng'ambo ya Mto Klang yamesimama majengo pacha ya Petronas, yenye ghorofa 88 na urefu wa mita 452, ambayo kuanzia 1998 hadi 2004 yalihesabiwa kuwa marefu kuliko yote duniani. Upande wa huku wa mto zingalipo nyumba za mbao zilizoinuliwa juu ya nguzo, migomba uani, na wauzaji wa wali wa nazi kando ya njia. Mgeni asimamapo hapo hushawishika kusema kwamba watu wa mtaa huu wamechelewa. Sisi tunasema kwamba kabla ya kutoa hukumu hiyo, yafaa kwanza aulize wamecheleweshwa na nini.

Mtaa huo ulianzishwa rasmi mwaka 1900. Utawala wa Kiingereza, kwa ridhaa ya Sultani wa Selangor, ulitenga ekari 224 hivi ziwe makazi ya wakulima wa Kimalay. Wakati huo mji ulikuwa ukikua kwa biashara ya bati, na Wamalay, wenyeji wa nchi, walikuwa wachache mjini. Ardhi hiyo iliwekewa bodi yake, ikagawanywa katika vijiji saba, na ikatungiwa sharti kwamba asiye Mmalay hawezi kuimiliki. Sharti hilo lilikuwa na sura mbili. Lilikuwa ngao, kwa kuwa bila hilo matajiri wangalikwisha kuinunua ardhi yote zamani. Lakini pia lilikuwa ua, kwa kuwa mkoloni alimwekea mwenyeji jembe, huku migodi, mabenki na biashara kubwa vikiwa mikononi mwa wengine. Kilimo chenyewe hakikudumu. Watoto wa wakulima wale wakawa watu wa mjini, wanaokaa juu ya ardhi ya mjini iliyofungwa kwa masharti ya shamba.

Haifai kudhani kwamba mtaa huu ni mabaki tu ya mambo ya kale. Kuanzia tarehe 1 hadi 4 Machi 1946, katika Klabu ya Sultani Sulaiman iliyopo hapo, vyama vya Wamalay kutoka sehemu mbalimbali za nchi vilikutana kuupinga mpango wa Uingereza wa Muungano wa Malaya. Mkutano huo ulikuwa chimbuko la chama cha UMNO, kilichoundwa Johor Bahru tarehe 11 Mei mwaka huo huo. Uingereza ililazimika kuuacha mpango wake, na Februari 1948 likaundwa Shirikisho la Malaya. Mtaa huo una pia kumbukumbu ya uchungu. Jioni ya tarehe 13 Mei 1969, siku tatu baada ya uchaguzi mkuu, ghasia za kikabila zilianzia hapo na kuenea mjini. Takwimu rasmi zilitaja vifo 196, wengi wao wakiwa Wachina. Basi kila anayeigusa ardhi ya Kampung Baru anagusa historia ya taifa zima, wala si viwanja vitupu.

Tatizo la leo lina mizizi miwili. Mzizi wa kwanza ni mirathi. Wamalay ni Waislamu, na ardhi yao hugawanywa kwa faraidhi, jambo ambalo wasomaji wetu wengi wanalifahamu. Tuchukue mfano wa mtu aliyefariki akaacha mjane, wana watatu na mabinti wawili. Kiwanja kimoja kinakuwa mafungu 64: mjane anapata 8, kila mwana 14, na kila binti 7. Warithi hao nao wakifa, kila fungu hugawanyika tena. Baada ya vizazi vinne, kiwanja cha kutosha nyumba mbili kina wenyewe makumi kwa makumi, wengine wakiwa mbali na hawajuani kwa sura. Pengine hati ingali kwa jina la babu aliyezikwa zamani. Hapo hakuna anayeweza kujenga, kukopa wala kuuza bila saini za wote. Kosa si la faraidhi, ambayo imempa kila mtu haki yake. Kosa ni la karatasi zisizokamilishwa kwa wakati.

Mzizi wa pili ni bei. Ardhi ambayo yaweza kununuliwa na kundi moja tu la watu haiwezi kuwa na bei sawa na ile ya ng'ambo ya mto, inayonunuliwa na yeyote mwenye fedha. Serikali ya Malaysia ilipitisha sheria mwaka 2011 ya kuunda shirika la kuuendeleza mtaa huo, na mpango mkuu ukatolewa 2015. Septemba 2019, Waziri wa Maeneo ya Shirikisho wa wakati huo, Khalid Samad, alitangaza toleo la ringgit 850 kwa futi ya mraba. Baadaye likafikishwa ringgit 1,000, ambapo 150 zingelipwa kwa hisa. Wapo waliokubali, na wapo waliosema hiyo ni bei ya kuwahamisha. Mapema 2020 serikali hiyo ilianguka kabla mpango haujatimia.

Hapa ndipo penye kiini cha mambo. Thamani ya ardhi hiyo ilishushwa na sheria. Siku sheria nyingine itakaporuhusu majengo makubwa kusimama hapo, thamani itapanda. Je, nyongeza hiyo ni ya nani? Ni ya kampuni ya ujenzi, au ni ya waliobeba hasara kwa zaidi ya miaka mia moja?

Swali hilo likiachwa bila jibu, jibu hutolewa na mabavu. Katika eneo jirani la Kampung Sungai Baru, ambako ardhi ilitwaliwa kwa sheria ya mwaka 1960, utekelezaji wa amri ya mahakama ya kuwaondoa wakazi ulizusha vurugu Septemba 2025. Kutwaa kwa mujibu wa sheria ni jambo moja. Kukubalika na wananchi ni jambo jingine.

Maoni yetu ni kwamba Kampung Baru haistahili kuhifadhiwa kama makumbusho, wala kufagiliwa kama takataka. Kwanza, kazi ya kuorodhesha warithi na kukamilisha hati ifanywe na serikali, kwa gharama ya serikali, mtaa kwa mtaa. Maskini asidaiwe ada ya kuthibitisha kwamba yeye ni mjukuu wa babu yake. Pili, wenye ardhi waingie katika ujenzi mpya wakiwa wabia wenye hisa na makazi humo humo, badala ya kulipwa mara moja na kuondoka. Tatu, hesabu za faida ziwekwe wazi kabla ya saini ya kwanza.

Kwa mtumishi wa serikali, funzo ni kwamba jalada la mirathi linalolala mezani mwaka mmoja humgharimu mjukuu nyumba. Kwa mwalimu, ni kwamba mtoto afundishwe mapema maana ya hati.

Mwaka 2020 lilifunguliwa daraja la waendao kwa miguu lenye urefu wa mita 69 kati ya Kampung Baru na upande wa majengo pacha. Limepewa jina la mwimbaji Saloma, na umbo lake limeigwa kutoka pambo la tambuu la harusi za Kimalay. Harusi ni mapatano ya pande mbili. Watu wa Kampung Baru nao wana haki ya kuulizwa, kusikilizwa na kuridhia kabla ya mtaa wao kubadilishwa.