Kiswahili na Karakana za Umeme za Meru na Embu

Tunapovizungumzia vyuo vya ufundi vya eneo letu, kama vile Meru National Polytechnic, kilichopata hadhi hiyo mwaka 2016, au Jeremiah Nyagah kule Mbeere, Kaunti ya Embu, aghalabu tunauliza iwapo vina vifaa vya kutosha. Swali hilo ni la haki. Makala haya yanaongeza la pili: vifaa hivyo vitafundishwa kwa lugha gani?

Tuchukue ubao wa mazoezi wa mfumo wa KNX, unaotumika katika majengo merevu, yaani yale yanayojiwashia na kujizimia taa. Juu yake mna swichi, kihisi cha mwendo na kifaa cha kutekeleza amri, vyote vikiunganishwa kwa waya mwembamba wa takriban volti 30, mbali na ule wa volti 240 unaolisha taa. Katika mfumo wa kawaida swichi hukata mkondo. Katika mfumo huu hutuma ujumbe tu. Kinachokata mkondo ni kifaa kingine kilichomo kabatini. Fundi aliyezoea kuamini kuwa taa ikizimwa ukutani waya hauna hatari, anaweza kupigwa na umeme pindi kihisi kinapotoa amri ya kuwasha. Neno "kuzima" limebadilika maana, na asiyeelezwa mabadiliko hayo huyalipia kwa mwili wake.

Wapo wanaodai kuwa Kiswahili hakina istilahi. Dai hili halina mashiko. TUKI ilichapisha Kamusi Sanifu ya Biolojia, Fizikia na Kemia mwaka 1990. Mafundi nao wana swichi, soketi na fyuzi, maneno ambayo hayakungoja kikao cha wataalamu. Kasoro ni kwamba istilahi zetu zimelala kamusini ilhali kazi inafanyika karakanani.

Aidha, huambiwa kuwa mitihani ni ya Kiingereza. Ni kweli, na Kiingereza kisiondolewe. Hata hivyo, mtihani hupita, waya hubaki.

Ni maoni yangu, basi, kuwa sisi tunaosoma Kiswahili katika vyuo vikuu vya eneo hili tuingie karakanani, tuwasikilize wakufunzi na wanagenzi, kisha tushirikiane nao kuandika mwongozo mfupi wa usalama utakaowekwa kando ya kila ubao. Katiba ya 2010 imekifanya Kiswahili lugha rasmi. Urasmi huo na umfikie mwenye bisibisi mkononi.