Riba Pia ni Kodi

Tangazo unalijua. Ukipita Thika Road liko kwenye bango, na ukifungua simu liko hapo pia: baba, mama, watoto wawili, bunda la funguo mkononi, meno meupe. Ujumbe ni uleule tangu nikiwa mdogo. Kodi ni pesa ya kutupa. Acha kumtajirisha mwenye nyumba, chukua mkopo, lipa kidogo kidogo, na ukimaliza nyumba ni yako.

Sina ugomvi na nyumba. Sina hata ugomvi na mkopo. Ugomvi wangu ni na hiyo sentensi ya kodi, kwa sababu imejengwa juu ya nusu ya hesabu, na nusu iliyofichwa ndiyo inayokula watu.

Hebu tuifanye yote. Chukua nyumba ya shilingi milioni 7.5, vyumba viwili vya kulala, pembeni mwa Nairobi. Unatoa asilimia 20 mfukoni, yaani milioni 1.5. Benki inakukopesha milioni 6 kwa miaka 20. Riba tuseme asilimia 14, na hapo sijakuonea, maana mwaka 2023 wastani wa riba ya mikopo ya nyumba nchini, kwa hesabu za Benki Kuu, ulikuwa juu kidogo ya hapo. Kila mwezi utalipa shilingi 74,611. Hiyo ndiyo namba utakayotajiwa ukikaa kwenye kile kiti cha wageni, na utaulizwa swali moja tu: utaweza?

Sasa zidisha mara 240, ambayo ni miezi ya miaka 20. Inakuja 17,906,640. Umekopa milioni 6, umerudisha karibu milioni 18. Riba peke yake ni milioni 11.9, na hapo hujahesabu ile milioni 1.5 ya mwanzo, ushuru wa stempu wa asilimia 4 kwa ardhi ya mjini (hiyo ni 300,000 kwa nyumba hii), mthamini, wakili wako, wakili wa benki ambaye pia unamlipa wewe, bima ya maisha na bima ya moto.

Lakini jumla sio kitu kinachoniudhi zaidi. Jumla mtu anaweza kuizoea, kama tulivyozoea bei ya unga. Kinachoniudhi ni mpangilio.

Mwezi wa kwanza unalipa 74,611. Riba ya mwezi huo ni asilimia 14 ya milioni 6 ukigawanya kwa 12, yaani 70,000 kamili. Kwa hiyo deni lako linapungua kwa shilingi 4,611. Elfu nne! Umetoa mshahara wa mtu mwingine mzima na deni limekwanguliwa juu juu tu. Mwezi wa pili unakwangua tena, kidogo zaidi. Mwaka wa kwanza ukiisha umelipa karibu 895,000 na deni limeshuka kwa kama 59,000. Miaka mitano ikiisha umelipa karibu milioni 4.5 na bado unadaiwa milioni 5.6. Miaka kumi, nusu ya safari, umelipa karibu milioni 9, yaani umeshapita kiasi ulichokopa mara moja na nusu, na bado unadaiwa milioni 4.8.

Huu sio wizi, na hakuna mtu wa kushtaki. Ndivyo hesabu ya mkopo unaopungua inavyokwenda: riba inakatwa kwanza kwenye deni lililobaki, na mwanzoni deni lililobaki ni karibu lote. Lakini basi tuite kitu jina lake. Ile 70,000 ya mwezi wa kwanza ni nini kama sio kodi? Umepanga pesa za benki na unazilipia pango. Tofauti na mwenye nyumba wako wa zamani ni kwamba huyu hata bomba likipasuka haji. Bomba ni lako. Na nyumba ya aina hii, katika mitaa mingi ya Nairobi, ungeipanga kwa takriban nusu ya hiyo 74,611. Anayekuambia kodi ni pesa ya kutupa akuambie pia ile 70,000 imetupwa wapi.

Sasa tuje kwa kitu ambacho bango haliwezi kukitaja kabisa. Hesabu yote niliyofanya hapo juu imechukulia riba itakaa asilimia 14 kwa miaka 20. Kenya hii? Karibu mikopo yote ya nyumba hapa ina kile kifungu kidogo kinachosema riba inaweza kubadilika. Mwisho wa mwaka 2011 Benki Kuu ilifikisha kiwango chake asilimia 18, na mwaka huohuo ulikuwa umeanza kikiwa chini ya asilimia 6. Hivi karibuni tena, kiwango kilikuwa asilimia 7 mwanzoni mwa 2022, na kufikia Februari 2024 kikawa 13.

Mama yangu alichukua mkopo wake mwaka 2021, kiwango kikiwa hapo chini kwenye 7. Mwaka huohuo mimi niliingia chuo. Barua za benki zilianza kuja moja moja, ukurasa mmoja kila barua, mpendwa mteja, kutokana na hali ya soko. Alipoenda tawini kuuliza, kijana wa mikopo alimwambia kwa upole kabisa, "Mama, usiwe na wasiwasi, tutakuongezea tu miaka." Mama akamuuliza, "Na mimi nitakuwa na miaka mingapi, kijana wangu?" Hakukuwa na sanduku la swali hilo kwenye kompyuta. Malipo yakapanda, na miaka ikaongezwa pia. Mapema 2024, nikiwa mwaka wa tatu, tulikaa mezani tukaangalia ni nini kwenye matumizi ya nyumba kinaweza kusubiri. Karo ndiyo kitu pekee kilichokuwa hakina dalali. Sikurudi chuo. Siandiki haya ili nionewe huruma, naandika kwa sababu kwenye jedwali la gharama za mogeji hakuna mstari unaoitwa karo ya mtoto, na kwa nyumba nyingi upo.

Hilo neno "tutakuongezea miaka" linahitaji kuangaliwa kwa makini, maana linasikika kama msamaha. Rudi kwa mfano wetu. Umelipa miaka mitano bila kukosa mwezi, unadaiwa milioni 5.6. Riba inapanda kutoka 14 hadi 16, pointi mbili tu. Riba ya mwezi mmoja sasa ni karibu 74,700. Wewe unalipa 74,611. Umeona? Malipo yako hayatoshi hata riba. Ukibaki hapo, benki ikuongezee miaka 10, 50, au 1,000, huwezi kumaliza, kwa sababu deni linakua kila mwezi. Ndio maana mwishowe lazima malipo yapande, na kama mshahara haupandi, basi inakuja notisi ya siku 90, halafu ile ya siku 40, kama Sheria ya Ardhi ya 2012 inavyotaka, na baada ya hapo kuna mtu mwenye nyundo.

Kuna watakaosema nimesahau mfumko wa bei: shilingi 74,611 ya mwaka 2045 itakuwa pesa ya nauli, na nyumba yenyewe itakuwa imepanda bei. Hoja hiyo ni nzuri, kwa Marekani, ambako mtu anaweza kufungiwa riba ileile kwa miaka 30 na mfumko ukaja kumlipia deni taratibu. Hapa kwetu vitu vikipanda bei Benki Kuu inapandisha kiwango chake, benki zinafuata, na wewe malipo yako yanafuata nyuma. Ile faida ambayo mfumko ungekupa inachukuliwa kabla hujaigusa. Hatari yote ya uchumi wa nchi, ukame, bei ya mafuta, deni la serikali, imewekwa mgongoni mwa mwalimu mmoja wa shule ya msingi aliyetaka sebule yake.

Na serikali usiiache nje. Februari 2024 iliuza hati fungani ya miundombinu ya miaka 8 na nusu kwa riba ya asilimia 18.46, bila ushuru. Kama wewe ni benki, na serikali inakupa 18 ukiwa umekaa tu, utamkopesha mama yangu kwa 12 kwa sababu gani? Kwa upendo? Halafu serikali hiyohiyo inakuja na Sheria ya Nyumba za Bei Nafuu ya 2024, inamkata kila mwenye payslip asilimia 1.5, na mwajiri anaongeza kiasi hichohicho, eti tupate makao. Mkono mmoja unapandisha bei ya pesa, mwingine unakukata ili ukusaidie na bei hiyo.

Kuna sheria moja inayotajwa sana mitaani kwamba riba haiwezi kuzidi deni. Watu wanaamini inawalinda. Ipo kweli, kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, na inafanya kazi tangu 2007. Lakini isome vizuri: inahesabiwa kuanzia pale mkopo unapoacha kulipwa. Ukishindwa, riba haitazidi deni lililokuwepo siku hiyo. Ukilipa kila mwezi kama mtu mzuri, hakuna kikomo, na ile milioni 11.9 juu ya milioni 6 ni halali kabisa. Aliyeanguka ana kikomo, anayelipa vizuri hana.

Sasa, wataalamu wakikutana kwenye hoteli zao huwa wanasikitika kwamba Kenya nzima, watu zaidi ya milioni 50, ina mikopo ya nyumba karibu 30,000 tu. Dawa wanayopendekeza, mara nyingi, ni elimu ya fedha. Wananchi hawajaelewa. Jameni! Nenda Kitengela, Juja, Kamulu, uone zile nyumba zilizosimama kwenye renta, vyuma vimetoka juu kama nywele, mwaka huu msingi, mwaka ujao mawe, mabati yakipatikana mkopo wa sacco. Mama wa mitumba pale Gikomba anayejenga hivyo hajakosa elimu. Alifanya hesabu ileile niliyofanya mimi, pengine kichwani, akaamua heshima ya kuhamia leo haina thamani ya milioni 12. Njia yake nayo ina machungu, sitaipamba: ploti za kuuzwa mara mbili, saruji inayopanda kila ukiigeukia, fundi wa kutoroka na pesa, na miaka yote hiyo bado analipa kodi kwingine. Lakini akikwama, jengo linakwama naye. Haliuzwi.

Hivyo sisemi usikope. Kuna mikopo ya chini ya asilimia 10 inayotokana na pesa za Kenya Mortgage Refinance Company, ambayo inazikopesha benki na sacco ili nazo zikukopeshe. Kwa asilimia 9.5 ile milioni 6 ingekugharimu karibu 55,900 kwa mwezi, na jumla kama milioni 13.4. Bado ni nyingi, lakini ni milioni nne na nusu pungufu. Kuna pia nafuu ya ushuru kwa riba ya hadi 360,000 kwa mwaka, ingawa katika mfano wetu riba ya mwaka wa kwanza ni zaidi ya mara mbili ya hiyo. Na kama tayari uko ndani, silaha uliyonayo ni kulipa zaidi mapema, wakati deni bado ni bichi. Ukiongeza 10,000 kila mwezi tangu mwanzo, kwa riba ileile ya 14, unamaliza kwa miaka 12 na miezi 7 hivi na unaokoa karibu milioni 5. Uliza kwanza kama kuna faini ya kulipa mapema, na uhakikishe kwa maandishi kwamba nyongeza inakata deni, haikai tu kwenye akaunti ikisubiri mwezi ujao.

Ninachotaka kwa benki, na kwa Benki Kuu inayozisimamia, ni kidogo hata naona aibu kukidai. Kwenye ukurasa wa kwanza wa barua ya mkopo, kabla ya mahali pa kutia sahihi, ziandikwe namba nne kwa herufi kubwa: jumla utakayolipa mpaka mwisho, kiasi utakachokuwa bado unadaiwa baada ya miaka 10, malipo yako ya mwezi riba ikipanda pointi tatu, na umri utakaokuwa nao siku ya malipo ya mwisho. Hiyo ya mwisho iko kwenye kitambulisho ambacho tayari wamekipiga kopi.