Kumi na Mwongozaji ni Bora Kuliko Mia na Filimbi

Na mwanafunzi wa Kidato cha Tatu

Wahenga walinena kuwa mwenye macho haambiwi tazama. Wahenga nawaheshimu sana, lakini katika hili jambo la ziara za shule naona methali hiyo inatumiwa vibaya. Wako wenzetu wengi wenye macho mazima kabisa ambao wamepelekwa mahali, wakatembezwa, wakarudishwa, na hawakuona kitu. Si kosa lao. Hakuna aliyewaonyesha pa kutazama.

Mpenzi msomaji, hoja yangu ni moja tu. Ziara ya kwenda kuona sanaa na bustani ifanywe na kikundi kidogo, watu kumi au kumi na wawili hivi, pamoja na mwongozaji anayeijua kazi yake. Ziara ya umati iachwe. Najua wapo watakaokasirika. Nawaomba wanisome hadi mwisho ndipo wanirushie mawe.

Hebu kwanza tukumbuke ziara ya mwaka jana. Jina la mahali tulipokwenda sitalitaja, maana wenyeji wetu hawakuwa na hatia yoyote. Tulikuwa mabasi mawili, wanafunzi mia moja na ushei, na mwalimu mmoja mwenye filimbi shingoni. Waliokuwa mbele walimsikia mwongozaji. Waliokuwa katikati walisikia "songeni, songeni!" Waliokuwa nyuma walisikia njugu zikitafunwa. Baada ya saa moja na nusu filimbi ikalia, tukahesabiwa kama mbuzi wa mnadani, safari ikaisha. Insha zilipoandikwa wiki iliyofuata, nyingi zilikuwa na aya tatu kuhusu basi, aya moja kuhusu chakula, na sentensi moja iliyosema kwamba "tuliona vitu vingi vya kupendeza." Vitu gani? Hata Mwalimu aliuliza hivyo kwa wino mwekundu.

Sasa linganisha na safari ya Chama cha Kiswahili ya muhula wa pili mwaka huu. Tulikuwa kumi na mmoja na mwalimu mmoja, siku ya Jumamosi. Sisi ni wa shule ya kutwa, basi hatukukodi gari. Kila mtu alitoka kwao kwa matatu, tukakutana mjini.

Tulianzia Nairobi Gallery, lile jengo la mawe lililo pale ambapo Kenyatta Avenue inakutana na Uhuru Highway. Wengi wetu hupita hapo kila mara tukichungulia dirishani, tukidhani ni ofisi tu. Na kweli ilikuwa ofisi. Mwongozaji alitueleza kuwa jengo hilo lilijengwa mwaka wa 1913, na kwa miaka mingi lilikuwa ofisi ya Mkuu wa Mkoa. Watu walikuja kuandikisha waliozaliwa, waliooana na waliofariki. Hapo ndipo pia palipowekwa alama ya kuanzia kupima umbali kutoka Nairobi hadi miji mingine. Mwaka wa 2005 likageuzwa kuwa jumba la sanaa chini ya Makavazi ya Kitaifa ya Kenya. Mmoja wetu akasema, "Kumbe wazee wetu walianzia maisha yao hapa kwa karatasi!" Sote tukacheka, hata mwongozaji. Katika kundi la watu mia, kijana huyo angesema hivyo kwa nani?

Ndani mna mkusanyiko wa Joseph Murumbi. Tulipofika hapo, mwenzetu mmoja aliuliza bila haya, "Kwani Murumbi ni nani?" Kuuliza si ujinga, na jibu lake lilikuwa somo zima la historia. Murumbi, ambaye mama yake alikuwa Mmaasai na baba yake Mgoa, alikuwa Makamu wa pili wa Rais wa Kenya. Alishika cheo hicho mwaka wa 1966 kwa miezi michache tu, kisha akaachana na siasa. Nguvu zake akazielekeza katika kukusanya kazi za sanaa za Kiafrika: vinyago, vito, vitambaa, vitabu na hata stempu. Mwaka wa 1972 yeye na Alan Donovan walianzisha African Heritage hapa Nairobi ili kazi za mikono ya Waafrika zipate mahali pa heshima. Sehemu nyingine ya hazina yake imo katika Hifadhi ya Nyaraka za Kitaifa, pale Moi Avenue.

Lakini jambo ambalo sitalisahau si tarehe. Mwongozaji alitusimamisha mbele ya kinyago kimoja, akatuambia tukitazame kwa dakika nzima bila kusema neno. Dakika moja ni ndefu jamani! Kisha akauliza, "Mmeona nini?" Tukawa na majibu kumi na moja. Mmoja aliona huzuni, mwingine aliona mtu anayesikiliza, wa tatu aliona alama za patasi zilizoachwa makusudi upande wa shavu. Mwongozaji hakumwambia mtu kuwa amekosea. Alituonyesha mwanga unakoangukia, akatueleza jinsi mchongaji anavyofuata nyuzi za mti, tukatazama tena. Mara ya pili kilikuwa kama kinyago kingine.

Jambo la pili ni lugha. Mwalimu wetu alimwomba mwongozaji azungumze Kiswahili, naye akakubali kwa furaha. Basi maneno yaliyokuwa yamelala katika kamusi yakaamka: kufinyanga, kutarizi, kufua shaba, njumu, ushanga wa kutunga. Sisi wa Chama cha Kiswahili tunalia kila siku kwamba lugha yetu inadharauliwa. Dawa mojawapo ndiyo hiyo. Kiswahili kitumike kueleza vitu vikubwa, si kuombea chumvi tu.

Kutoka hapo tulipanda matatu ya Parklands hadi City Park. Wengi huijua bustani hiyo kwa sababu ya kima wake, na kweli kima mmoja alimpokonya mwenzetu mkate kabla hata hatujajitambulisha. Mwongozaji wa pili, aliyetupokea langoni, alitusihi tusiwalishe, kwa kuwa ndivyo wanavyofundishwa wizi. Kisha akatupeleka mahali ambapo wengi wetu hatukujua kama papo: kwenye kaburi la Murumbi, aliyefariki mwaka wa 1990, na la mkewe Sheila. Alitaka kuzikwa karibu na rafiki yake Pio Gama Pinto, aliyeuawa kwa risasi mwaka wa 1965 na ambaye kaburi lake limo katika makaburi ya hapo hapo City Park. Kando ya kaburi la Murumbi pametengenezwa bustani ya sanamu. Hakuna kioo wala kamba. Zimesimama nje kwenye nyasi, zikinyeshewa mvua kama sisi.

Zimo kazi za Francis Nnaggenda wa Uganda na za Elkana Ong'esa, mchongaji wa mawe kutoka Tabaka, Kisii. Nilishangaa kusikia kuwa ndege wa amani aliyechongwa na Ong'esa amesimama katika makao makuu ya UNESCO mjini Paris. Watu wa Paris wanamjua mtu wetu. Sisi tulio umbali wa nauli ya matatu hatumjui. Je, hiyo si aibu?

Hapo bustanini ndipo nilipofahamu kwa nini sanaa na miti havipaswi kutenganishwa. Mwongozaji alituonyesha muhugu, mti wa asili wa misitu ya Nairobi. Mbao zake ni ngumu na zimependwa sana na wachongaji wa Kikamba. Lakini mti huo hukua polepole mno, na kwa sababu ya kukatwa ovyo umepungua mahali pengi. Asubuhi tulikuwa tumesifu vinyago vya mti, mchana tukakutana na mti wenyewe ukiwa hai. Hakuna aliyetuhubiria habari za mazingira, lakini ujumbe ulifika.

Sasa nijibu hoja za wapinzani wangu.

Wapo wanaosema, "Wengi wape. Mbona waende wachache?" Hoja hii ina uzito na siidharau. Mimi sisemi waende wachache halafu basi. Nasema waende wachache wachache, kwa zamu, mpaka kila mmoja amefika. Darasa la wanafunzi hamsini linagawanyika katika vikundi vitano vya watu kumi. Jumamosi moja kikundi kimoja, hadi darasa liishe. Hapo wengi watakuwa wamepewa kweli. Kuwapa wengi kitu ambacho hakuna anayekipata ni kumpa mtu sahani tupu.

Wengine wanataja gharama. Kukodi basi kuna bei yake, na sote tunajua wazazi wetu wanavyojikuna kichwa barua ya ziara inapofika nyumbani. Kikundi kidogo hupanda matatu. Na kwa yule asiye na nauli wala kiingilio, pesa ambazo zingekodi basi zinaweza kumsaidia. Mwaka jana wapo waliobaki nyumbani kwa kukosa mchango, na majina yao hayakusomwa popote. Ikiwa tunajali usawa, tuanze na hao.

Wa tatu ndio wenye sauti kubwa: "Ati sanaa haiji kwenye mtihani." Jamani! Tuseme haiji. Je, insha haiji? Ufahamu hauji? Historia haiji? Aliyejifunza kutazama kitu kimoja kwa dakika nzima na kukieleza kwa maneno yake mwenyewe hataogopa karatasi yoyote. Isitoshe, hatukuja duniani kufanya mtihani tu.

Na lipo jambo kubwa kuliko alama. Murumbi alikuwa na nyumba Muthaiga iliyojaa sanaa na vitabu. Aliiuzia serikali akitumaini itakuwa kituo cha kusomea mambo ya Afrika. Nyumba hiyo ilibomolewa. City Park nayo iliwahi kumezewa mate na wanyakuzi wa ardhi. Mambo kama haya hutokea mahali ambapo watu wanapita bila kupajua. Mtu halindi asichokifahamu. Siku tingatinga likija mahali fulani, atakayepiga kelele ni yule aliyesimama hapo akaambiwa mti huu ni upi na aliyelala hapa ni nani. Je, kati ya wale mia moja waliokimbizwa na filimbi, ni nani atakayepiga kelele?

Kwa hivyo nawaomba walimu wetu wapendwa, hasa wakati huu ambapo ziara za mwaka ujao zinapangwa, wafikirie mambo matatu. Kwanza, vikundi visizidi watu kumi na wawili. Pili, mwongozaji aombwe mapema, na aombwe kuzungumza Kiswahili. Tatu, kila kikundi kikirudi kiandike ukurasa mmoja na kuubandika kwenye ubao wa matangazo, ili wanaosubiri zamu yao wajue waulize nini zaidi.

Nanyi wenzangu, msingoje hadi barua itoke ofisini. Mkiwa watatu au wanne, na wazazi wameridhia, Jumamosi ni yenu. Nendeni, mwombeni mwongozaji, ulizeni hadi mchoke. Ila mkate ufichwe vizuri. Wale kima hawana mchezo.