Ijumaa Mosi na Hesabu Tulizozitupa

Wapenzi wa lugha, yupo mwenzetu mmoja, mjuzi wa arudhi na mtu ninayemheshimu, aliyetamka mbele yangu kwamba kubuni kalenda ya ulimwengu usiokuwapo ni mchezo wa watoto. Na kwamba hata tukitaka kuucheza, Kiswahili hakina miezi ila ya kukopa. Siku ile nilinyamaza. Leo namjibu, nami naanza kwa kukiri kosa langu.

Miaka kadhaa iliyopita kijana mmoja aliniletea mswada wa riwaya kuhusu nchi ya kubuni. Miezi ya watu wake aliiita kwa kazi na hali zao: Mwezi wa Kutifua, Mwezi wa Kuamia Ndege, Mwezi wa Ghala Tupu. Nami, kwa kujiona mhariri, nikaifuta yote kwa wino mwekundu nikaandika Machi, Aprili na Mei, ili msomaji asipotee. Kijana aliniuliza swali moja tu: "Mwalimu, watu wangu wameijuaje Machi?" Sikuwa na jibu. Machi ni mwezi wa Mars, mungu wa vita wa Warumi. Nchi isiyopata kuisikia Roma itamjuaje?

Tumtazame mtu aliyeifanya kazi hii kwa uzito wake. J.R.R. Tolkien, mwanazuoni wa Kiingereza cha kale, alichapisha The Return of the King mwaka 1955, na mwishoni mwa kitabu akaweka maelezo ya kalenda za ulimwengu wake. Mwaka wa Mahobbit wa Shire una miezi 12 ya siku 30 kila mmoja. Siku 5 zinazobaki hazimo katika mwezi wowote: mbili ni za kufunga na kufungua mwaka, tatu ni za katikati yake. Kisha Mahobbit wakaamua kwamba siku ya kati na kati isihesabiwe katika juma. Zikabaki siku 364, yaani majuma 52 kamili, na kila tarehe ikaangukia siku ile ile ya juma mwaka hadi mwaka.

Kutokana na hesabu hiyo ukazaliwa msemo. Kwa kuwa hakuna mwezi unaoanza Ijumaa, Hobbit akitaka kutaja jambo lisilowezekana, kama vile miti kutembea, husema litatokea Ijumaa mosi. Na msomaji wa hadithi hiyo anajua kwamba humo miti hutembea kweli! Je, huo ni mchezo wa watoto? Hapo kalenda imezaa lugha, na lugha imezaa watu.

Majina ya miezi hiyo nayo hakuyaokota hewani. Aliyachimbua katika majina ya Waingereza wa kale, ambayo mtawa Bede aliyaandika mwaka 725: mwezi wa magugu, mwezi wa kuchinja mifugo, mwezi ambao ng'ombe hukamwa mara tatu kwa siku. Tolkien hakukopa kwa jirani. Aliingia ghalani kwa babu zake.

Sasa namuuliza mwenzangu: ghala letu li wapi? Pwani yetu inao mwaka wa Nairuzi, ambao watu wa Makunduchi huuadhimisha kwa Mwaka Kogwa. Mwaka huo una miongo 36 ya siku kumi kumi, jumla siku 360, na siku 5 za nyongeza zilizo nje ya miongo. Linganisha na hesabu ya Shire! Tunayo mifungo, inayohesabiwa tangu saumu inapokwisha: Mfungo Mosi wa Idi, Mfungo Tatu wa kuchinja, Mfungo Sita wa Maulidi. Tunayo masika na vuli, kaskazi na kusi. Tunayo kesho, kesho kutwa, mtondo na mtondogoo. Lugha yenye neno la siku ya nne ijayo itaitwaje maskini wa wakati?

Na juma la Shire? Huanza Jumamosi na kuishia Ijumaa, siku kuu, ambayo mchana wake ni mapumziko na jioni yake ni karamu. Ilimbidi Tolkien awaeleze wasomaji wake kwamba Jumamosi ya huko ni kama Jumatatu yao. Mswahili hahitaji maelezo hayo: neno lenyewe linamwambia kwamba Jumamosi ni ya kwanza.

Najua atakalonijibu. Atasema hata Tolkien, katika masimulizi yenyewe, aliandika Septemba na Ijumaa kama sisi. Ni kweli. Lakini alijenga kwanza, kisha akafasiri, na akakiri waziwazi kwamba amefasiri. Sisi tunafasiri kitu tusichokijenga. Tofauti ni ile ya mtu aliyevua viatu mlangoni na mtu asiyekuwa na viatu.

Hofu yangu haiishii kwenye riwaya. Mtunzi asiyeweza kuwabunia watu wake siku zao ni yule yule aliyesahau siku za bibi yake. Kijana yule hakurudi na mswada wake. Kama anasoma hapa, namwomba radhi, na namsihi airudishe miezi yake yote, wa Ghala Tupu ukiwa wa kwanza. Kwenu wengine naacha ubeti huu:

Mwenye ghala la nafaka, kuombaomba si haki,
Hesabu zetu za mwaka, kwetu hazikumbukiki,
Ya jirani ukitaka, yako nayo huyasaki?
Siku iliyo na jina, haipotei gizani.