Mshono Usionekane, Fundi Je?

Waandishi watatu wa toleo hili wanasema, kila mmoja kwa namna yake, kwamba uhariri bora wa filamu ni ule usioonekana. Sikuifuta kauli hiyo, ingawa mkono uliniwasha. Kisichotakiwa kuonekana ni mshono. Fundi cherehani akiunga kitambaa vizuri, hakuna anayeona uzi ulipopita, lakini mtaa mzima utauliza gauni lile kashona nani. Kwenye filamu swali hilo haliulizwi, na riziki ya mhariri inategemea liulizwe. Bonnie and Clyde ya 1967 iliteuliwa mara 10 kuwania Oscar, na uhariri haukuwamo, ilhali ndiyo filamu ambayo jina la mhariri wake, Dede Allen, lilisimama peke yake mwanzoni, heshima ambayo wahariri wa Hollywood hawakuwa wameizoea. Mwaka 2022 Oscar hizo hizo zikaiweka tuzo ya uhariri miongoni mwa 8 zilizotolewa kabla ya matangazo ya moja kwa moja; picha za washindi zikapunguzwa na kuchomekwa baadaye kwenye kipindi. Ajabu ni kwamba hata kuwaficha wahariri kulihitaji mhariri.

Kuna pingamizi moja ambalo nalipa uzito wake: nani ajuaye mhariri kafanya nini, kama hatukuona picha ghafi? Huenda mwongozaji alisimama nyuma ya kiti chake akiamua kila mkato. Ni kweli, hatujui. Lakini waamuzi wanaompa mwigizaji tuzo nao hawakumwona akirudia onyesho mara nane. Waliona mara ile moja iliyochaguliwa, tena labda sauti ya mara ya tatu imewekwa juu ya uso wa mara ya sita. Tukimdai mhariri ushahidi wa namna hiyo, tuwadai wote. Na wanaodhani kazi yake ni ya mkasi tu wasome hesabu aliyopiga Walter Murch, mmoja wa wahariri wake, kuhusu Apocalypse Now ya 1979. Zilipigwa picha za zaidi ya saa 230, na kila dakika iliyobaki kwenye filamu iliacha nyuma takriban dakika 95. Alipogawanya mikato yote kwa wahariri na siku walizofanya kazi, alipata wastani wa mkato 1.47 kwa mhariri mmoja kwa siku. Kuunganisha vipande viwili hakumalizi siku. Siku inakwenda katika kujaribu njia ambazo mtazamaji hatazijua kamwe, na huko ndiko mhariri anakojifunza kazi, mwaka baada ya mwaka.

Kwetu ugonjwa huu wa kumficha mhariri una sura nyingine. Jina moja linajaza skrini: mtunzi, mwongozaji, mwigizaji mkuu, mhariri. Ninaambiwa ni ufinyu wa bajeti. Bajeti inaeleza kwa nini mtu mmoja anafanya kazi nne. Haielezi kwa nini kijana aliyekesha wiki mbili mbele ya kompyuta anaandikwa chini ya “shukrani”, pamoja na mwenye nyumba iliyopigiwa picha. Asiyeandikwa hana cha kumwonyesha mteja wa pili, na anaanza upya kwa bei ya mwanafunzi.

Katika toleo hili, makala ya wanawake waliokata filamu Hollywood, kutoka Margaret Booth hadi Thelma Schoonmaker, inajitosheleza. Ile ya tamthilia za kila siku za runinga ni ya kiufundi, isomwe polepole. Ya akili mnemba ina hofu nyingi kuliko hoja, nimeiweka mwisho. Na kwenye kila filamu tuliyoihakiki, jina la mhariri limechapwa kando ya la mwongozaji, kwa herufi za ukubwa uleule. Filamu mbili hazikulitaja jina hilo popote. Hapo tumeacha nafasi wazi.