Nani Kiima, Nani Kiarifu?

Ukimtaja Karl Marx Nairobi, jamaa watakurukia: "Yule mzee wa ndevu na mapinduzi?" Hata wanaojiita wafuasi wake, wengi wanajua kaulimbiu mbili tu. Basi leo tuache ndevu. Tumzungumzie kijana wa miaka 25 asiye na kazi.

Mwaka wa 1843, serikali ya Prussia iliamuru Rheinische Zeitung, gazeti alilohariri kule Cologne, lifungwe. Marx akajiuzulu. Mwezi wa Juni akamwoa Jenny, mjini Kreuznach. Huko huko, badala ya kula fungate kwa raha zake, akachukua kitabu cha Hegel kuhusu falsafa ya haki na kuanza kukibomoa, aya moja baada ya nyingine.

Hegel alikuwa amefariki mwaka wa 1831, lakini bado ndiye aliyekuwa mwalimu wa wote. Alifundisha kwamba dola ndiyo shina. Familia na watu wanaohangaikia riziki sokoni ni matawi yake. Marx akasema: mwalimu, umegeuza sentensi! Umefanya kiima kuwa kiarifu. Watu wenye jasho na matumbo ndio wanaounda dola, na katiba ni kazi ya mikono yao.

Kisha akawageukia maafisa. Hegel aliwaona kama tabaka linalotumikia maslahi ya wote: wamefaulu mitihani, wanalipwa mshahara, kwa hivyo tuwaamini. Ati tuwaamini! Marx alikuwa ameshaona kalamu ya mkaguzi wa serikali ikikata makala yake. Akaandika kwamba afisa huigeuza dola kuwa mali yake binafsi, lengo la umma likawa mbio za kupanda cheo, na siri ikawa ngao ya ofisi.

Wapo wanaosema hili lilikuwa daftari tu la kijana, halikukamilika, tena halikuchapishwa hadi 1927. Ni kweli. Na mimi naongeza: kijana huyo hakutuambia vizuri ni nani atakayewalinda wachache siku "watu" watakapowageuka. Historia iliwalipisha wengi kwa pengo hilo. Lakini swali lake halijazeeka hata siku moja.

Sisi Katiba yetu ya 2010 inasema katika kifungu cha kwanza kabisa kwamba mamlaka yote ni ya wananchi. Kwenye karatasi, sisi ndio kiima. Ila nenda dirishani kufuata cheti, uambiwe "serikali imeamua" na "rudi kesho", ndipo utajua sentensi imegeuzwa tena. Usiondoke kimya. Uliza serikali ni nani, aliamua lini, na alimuuliza nani. Marx alianzia hapo hapo.