Grandmasta hatoki Kaengesa kwa kipaji peke yake

Wadau, tangu filamu ya Queen of Katwe itoke mwaka 2016, ukitaja sataranji (wengine mnaiita chesi) mbele ya watu wa mjini unajibiwa kwa hadithi ile ile: kulikuwa na binti wa Uganda, maskini wa kutupwa, ana kipaji cha ajabu, akatoka mabandani akaenda kushindana na dunia. Watu wanafuta machozi, basi, yameisha. Mimi leo naomba tuitazame hadithi ile upya, kwa sababu naona funzo tulilolichukua silo.

Phiona Mutesi alikulia Katwe, Kampala. Robert Katende alikuwa akifundisha watoto sataranji mtaani pale, na aliyekuja kucheza alipata kikombe cha uji. Phiona alimfuata kaka yake, akakuta uji na ubao. Mwaka 2009 alikuwa mmoja wa watoto watatu waliopelekwa kushindana Juba, wakarudi na ushindi. Mwaka 2010 akacheza Olimpiadi ya sataranji kule Khanty-Mansiysk, Siberia. Mwaka 2012, Olimpiadi ya Istanbul, yeye na mwenzake Ivy Amoko wakapata cheo cha Candidate Master kwa wanawake, ambacho ndicho ngazi ya chini kabisa katika vyeo vya Shirikisho la Kimataifa la Sataranji, FIDE.

Sasa hesabuni pamoja nami. Kipaji kilikuwepo, sikatai. Lakini kulikuwa pia na mwalimu wa kudumu, watoto wenzake wa kucheza nao kila siku, na shirikisho la nchi lenye mashindano pale pale Kampala, mahali ambapo mtoto wa Katwe anafika kwa miguu. Phiona alikuwa maskini wa kila kitu isipokuwa wapinzani.

Mchukueni mtoto mwenye akili ile ile mumweke Kaengesa, Sumbawanga Vijijini. Shule ipo, seminari ya Kaengesa ipo, akili zipo tele. Drafti inachezwa kwa vizibo vya soda juu ya kipande cha boksi, na ukizubaa unakuta jamaa ana kingi tatu. Tuseme mtoto huyu amepata ubao wa sataranji na anamfunga kila mtu kijijini. Halafu?

Halafu anakutana na kanuni. Ili FIDE ikupe alama za kimataifa, zile zinazoonyesha uwezo wako, lazima kwanza ucheze angalau michezo 5, kwenye mashindano yaliyosajiliwa, dhidi ya watu ambao tayari wana alama hizo. Kama kwenye eneo lenu hakuna mwenye alama, hakuna wa kukupa alama. Mnaweza kufungana kuanzia mavuno mpaka mavuno, duniani hamhesabiki. Kuna watakaosema intaneti imemaliza tatizo, mtoto anacheza na mtu wa Norway akiwa kitandani. Ni kweli atajifunza mengi, lakini alama za huko kwenye simu hazihesabiwi kwenye orodha hii. Lazima watu wawili wakae meza moja na mwamuzi anayetambuliwa awepo.

Mashindano ya namna hiyo kwetu yanatafutwa Dar es Salaam. Kutoka Dar hadi Sumbawanga ni zaidi ya kilometa 1,100 kwa barabara. Lami imefika, tunashukuru, lakini lami hailipi nauli, wala malazi, wala siku ambazo mtoto anakosa masomo. Na safari moja haitoshi! Alama hupanda kwa kucheza mara nyingi.

Atakayesema nakatisha watu tamaa amwangalie jirani yetu wa Zambia, Amon Simutowe. Mwaka 2000, akiwa na miaka 18, alishika nafasi ya pili kwenye ubingwa wa dunia wa vijana mjini Yerevan, Armenia. Wa pili duniani, wadau. Ungedhani ugrandmasta ungefuata mwaka ule ule. Wapi! Kwa utaratibu wa kawaida grandmasta lazima afikishe alama 2500, na apate matokeo ya kiwango cha juu, kwa kawaida mara tatu, kwenye mashindano wanayocheza magrandmasta wengine. Matokeo hayo yanaitwa nomu. Sasa hao magrandmasta utawapata wapi kwenye ukanda wetu? Simutowe aliikamilisha nomu yake ya mwisho huko Uholanzi, Agosti 2007, na alama 2500 akazifikisha mwaka 2009. Ndipo akawa grandmasta wa kwanza kutoka Afrika kusini mwa Sahara. Miaka tisa kwa mtu aliyekuwa wa pili duniani! Sitasema kwamba katika miaka hiyo akili yake ililala. Nasema alikuwa mbali na meza ambako vyeo hugawiwa.

Ndiyo maana sishangai yaliyompata Arthur Ssegwanyi, mmoja wa wachezaji bora waliowahi kutoka Uganda. Alifika Kombe la Dunia la Baku mwaka 2015, raundi ya kwanza akapangiwa Anish Giri wa Uholanzi, safari ikaishia hapo. Giri hukutana na watu wa kiwango hicho mwaka mzima. Kwa mtu wa kwetu hilo ni tukio.

Najua swali linalokuja: Rukwa ina shida ngapi, sataranji ya nini? Swali halali. Nami sitawadanganya kwamba mchezo huu unalisha, maana hata huko Ulaya wanaoishi kwa zawadi za mashindano ni wachache. Lakini angalieni mlango uliofunguka. Simutowe alisoma Chuo Kikuu cha Texas at Dallas, chuo kinachotoa ufadhili kwa wachezaji wa sataranji. Phiona na mwenzake wa Katwe, Benjamin Mukumbya, walikwenda kusoma Chuo Kikuu cha Northwest huko Kirkland, Marekani. Ubao uliwafikisha darasani. Kwa mtoto wa mkulima wa mahindi na maharage, hiyo si starehe ya matajiri.

Hoja yangu basi ni hii. Tuache kugawa mbao za sataranji shuleni, kupiga picha na kuondoka. Mbao bila mashindano ni mapambo. Pelekeni mashindano yaliyosajiliwa Sumbawanga, hata mara mbili kwa mwaka, na waje wachezaji wachache wenye alama kutoka Dar au Mbeya. Watu wanne au watano wakisafiri kuja, watoto arobaini hawana haja ya kusafiri kwenda. Hesabu hiyo haihitaji hata kikokotoo.

Na tusisahau kwamba Sumbawanga iko karibu zaidi na Mbala, Zambia, kuliko na Dar. Haifiki hata kilometa 200. Watu wa pande mbili wanauziana mazao na kuoleana tangu zamani. Wamambwe na Walungu wapo huku na wapo kule. Nchi iliyomtoa Simutowe iko hapo hapo ng'ambo, sisi tunaitazama Dar tu. Mashindano ya ujirani mwema kati ya Sumbawanga na Mbala hayatampa mtu ugrandmasta, lakini yatampa wapinzani wapya na alama za kwanza, na hapo ndipo kila grandmasta alipoanzia.

UMISSETA imetuonyesha kwamba mtoto wa kijijini anaweza kupanda kwa ngazi: shule, wilaya, mkoa, taifa. Sataranji nayo inataka ngazi. Bila hiyo tutaendelea kusubiri muujiza, na ukitokea tutaenda kuutazama sinema, tutoke tukisema "yule mtoto ana kipaji".

Wenye shirikisho, wenye mkoa, wenye fedha: ni nani anatangulia kusogeza kete? Saa inatembea.

Nawasilisha.